Muktadha wa Maarifa: Kutaja Vyanzo katika Makala ya Ensaiklopidia kwa Mwandishi Anayeanza

Mwalimu mwenzangu, na wewe mtahiniwa unayejiandaa kwa Karatasi ya Tatu, hebu tuanze na swali mnalolifahamu vyema: "Eleza muktadha wa dondoo hili. (alama 4)". Mwanafunzi yeyote wa Kidato cha Nne, awe Rongo, Awendo, Ndhiwa au Mbita, anajua kwamba alama hizo nne hazitolewi kwa kulisifu dondoo. Zinatolewa kwa kutaja msemaji, msemewa, mahali na sababu ya maneno hayo kutamkwa. Asiyemtaja msemaji amepoteza alama, hata kama maelezo yake mengine yanang'aa.

La kushangaza ni kwamba mwanafunzi huyo huyo, na aghalabu mwalimu wake pia, akipata fursa ya kuandika makala ya ensaiklopidia kuhusu kwao, huusahau utaratibu huo wote. Ataandika kwamba boma fulani lilijengwa mwaka fulani na jamii fulani, bila kusema nani alisema hivyo, wapi wala lini. Katika makala haya nashikilia kwamba kutaja chanzo ni kazi ile ile ya kueleza muktadha wa dondoo, ila dondoo lenyewe sasa ni maarifa. Mwalimu wa fasihi anayejua kusahihisha swali la dondoo tayari ana nusu ya ujuzi unaohitajika. Nusu ya pili ndiyo yenye mitego, nayo ndiyo itakayotushughulisha.

Ensaiklopidia inayozungumziwa hapa ni Wikipedia ya Kiswahili, iliyoanza mwaka 2003 na ambayo wengine huiita Kamusi Elezo Huru. Huandikwa na yeyote apendaye. Kitabu cha kiada kina jina la mwandishi juu ya jalada na jina la mchapishaji chini yake, na msomaji huwaamini hao kwa sifa yao. Makala ya Wikipedia hayana jina la kuaminiwa kwa namna hiyo. Aliyeandika aya ya kwanza huenda ni profesa, na aliyeandika ya pili huenda ni kijana wa Kidato cha Kwanza. Kinachobaki ni tanbihi: nambari ndogo mwishoni mwa sentensi inayompeleka msomaji hadi chini ya ukurasa, ambako ataona dai lile limetoka kitabu gani, uk. wa ngapi. Mwandishi hujificha, chanzo kikaonekana.

Madhara ya kukosa tanbihi yalidhihirika kwa ulimwengu mzima mwaka 2005. Mtu asiyejulikana aliandika katika Wikipedia ya Kiingereza kwamba mwanahabari wa Marekani, John Seigenthaler, aliwahi kushukiwa kuhusika katika mauaji ya John Kennedy na ndugu yake Robert. Ulikuwa uongo mtupu. Seigenthaler alikuwa amemfanyia kazi Robert Kennedy. Hakukuwa na chanzo chochote, na bado maneno hayo yalikaa pale zaidi ya miezi minne kabla ya kuondolewa. Baada ya kisa hicho kanuni kuhusu wasifu wa watu walio hai zilikazwa. Mwanafunzi anayetaka kuandika kuhusu mbunge wake au mwanamuziki wa benga aliye hai na alijue hilo: kila sentensi inayogusa sifa ya mtu aliye hai itajiwe chanzo, ama isiandikwe kamwe.

Mfano wa Thimlich Ohinga

Tuchukue mfano wa nyumbani. Kaskazini magharibi mwa mji wa Migori kuna boma la kale la mawe liitwalo Thimlich Ohinga. Kuta zake zilijengwa kwa mawe yaliyopangwa bila udongo wala saruji, na mwaka 2018 UNESCO ililitia katika Orodha ya Urithi wa Dunia. Mwanafunzi akiulizwa kuandika aya moja, mara nyingi huleta jambo la namna hii: "Thimlich Ohinga ilijengwa na Waluo mwaka 1500 ili kujikinga na maadui. Ni boma kubwa kuliko yote Afrika Mashariki na ni la kupendeza sana."

Sentensi mbili, na zimejaa madai. Tuzisahihishe kama tunavyosahihisha insha, lakini kwa jicho la chanzo.

"Mwaka 1500" umetoka wapi? Maelezo ya UNESCO yanasema boma hili huenda lilijengwa katika karne ya 16. Maneno mawili yamepotea njiani. Kwanza, karne ya 16 ni kipindi cha miaka mia moja, kuanzia 1501 hadi 1600. Si mwaka mmoja. Pili, na hili ni zito zaidi, neno "huenda" limedondoka. Mtaalamu aliyeandika "huenda" alikuwa anapima ushahidi wake. Ukiliondoa neno hilo kisha ukaweka jina lake kwenye tanbihi, umemlisha maneno ambayo hakuyasema. Katika uhakiki tungesema umempotosha mhusika. Mwandishi anayeanza hudhani kazi yake imekwisha akishaweka nambari ya tanbihi, kumbe msomaji makini atafungua chanzo na kulinganisha. Tanbihi isiyolingana na sentensi yake ni mbaya kuliko kutokuwa na tanbihi, kwa sababu inavaa nguo za ukweli.

"Na Waluo" nako kuna shida. Maelezo ya watafiti hutaja jamii za Kibantu zilizotangulia katika eneo hilo, na Waluo waliokuja baadaye wakayakarabati na kuyatumia maboma hayo. Hapa naomba tutulie kidogo. Migori ni kaunti ya Waluo, Wakuria, Wasuba na wengine wengi, na sentensi kuhusu nani alitangulia kufika haiwi sentensi ya historia tu. Husomwa na watu wenye mashamba na mipaka. Ukiandika kwamba fulani ndio waliojenga, bila kusema ni nani anayedai hivyo, umetoa hukumu kwa niaba ya ensaiklopidia nzima. Ukiandika kwamba kwa mujibu wa mtafiti fulani, katika kitabu fulani, jamii fulani ndiyo iliyotangulia, umemwachia msomaji nafasi ya kumpima mtafiti huyo, na hata ya kumletea mtafiti mwingine mwenye kauli tofauti.

"Kubwa kuliko yote Afrika Mashariki" nalo limevutwa. Linalosemwa na UNESCO ni kwamba ndilo kubwa na lililohifadhika vizuri zaidi miongoni mwa maboma ya jadi ya aina hii. Ya aina hii! Ukiondoa maneno hayo umeliingiza boma letu katika mashindano ambayo hakuna aliyeyapima. Ama "la kupendeza sana", hilo ni lako wewe, na halina chanzo. Lifute.

Angalia pia kwamba ile sentensi ya kwanza ina madai matatu: mjenzi, wakati na sababu. Tanbihi moja mwishoni haiyafuniki yote matatu isipokuwa kitabu kimoja kimeyasema yote. Kama wakati umetoka UNESCO na sababu ya ujenzi umeisoma kwingine, tenganisha sentensi, kila moja na tanbihi yake.

Linalokupa alama ishirini hufutwa hapa

Mtego mkubwa kwa sisi watu wa fasihi ni maoni. Katika Karatasi ya Tatu unajibu maswali manne yenye alama 20 kila moja, na mtahini anataka hoja zako. Unadai kwamba mwandishi amefaulu kuchora hali fulani, unatoa mifano kutoka matini, unapata alama. Ukiyapeleka majibu hayo hayo kwenye Wikipedia yatafutwa, na atakayeyafuta hatakuwa amekosea. Ensaiklopidia hairuhusu utafiti wa mwandishi mwenyewe. Inaeleza yale ambayo tayari yamechapishwa na wengine.

Chukua riwaya ya Chozi la Heri ya Assumpta Matei, ambayo walimu wengi wameifundisha. Ukitaka kueleza msuko wake, riwaya yenyewe yatosha kuwa chanzo, mradi utaje toleo na ukurasa, maana kurasa huhama toleo likibadilika. Ukitaka kusema kwamba riwaya hiyo ni kazi ya kihalisia, au kwamba mtazamo wake kuhusu mwanamke ni wa namna fulani, hapo unahitaji mhakiki aliyelisema hilo katika jarida, kitabu au tasnifu, nawe umtaje ndani ya sentensi: kwa mujibu wa fulani. Ukitaka kueleza ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007 nchini Kenya, riwaya haifai kabisa kuwa chanzo, hata kama imezichora ghasia kwa uchungu wa kweli. Bunilizi ni shahidi wa bunilizi.

Na miongozo ya vitabu teule je? Nafahamu inavyopendwa. Mingine imeandikwa na wahakiki wenye jina na kuchapishwa na kampuni zinazohariri kazi zake. Hiyo yaweza kutajwa kwa tahadhari. Ile ya kurasa chache zilizopigwa chapa na kufungwa kwa pini, isiyo na mwandishi wala mwaka, ni ya kuachwa huko huko inakouzwa.

Chanzo gani kwa dai gani

Wanaoanza huuliza kama chanzo fulani ni kizuri au kibaya. Swali hilo halina jibu mpaka tujue dai lenyewe. Tom Mboya amezikwa katika kisiwa cha Rusinga, Kaunti ya Homa Bay, na kwa sababu hiyo wengi huandika kwamba alizaliwa huko. Alizaliwa tarehe 15 Agosti 1930 karibu na Kilima Mbogo, upande wa Thika, ambako baba yake alikuwa akifanya kazi katika shamba la mkonge. Tawasifu yake, Freedom and After, iliyochapishwa mwaka 1963, ni chanzo kinachofaa kwa mambo kama malezi na masomo yake. Haifai kuwa chanzo pekee cha kueleza ubora wake kama kiongozi, kwani nani hujipigia kura ya hapana? Na kwa kifo chake, tarehe 5 Julai 1969, bila shaka tawasifu hiyo haina la kusema.

Takwimu nazo zina tabia yake. Sensa ya 2009 ilihesabu watu 917,170 Migori na 963,794 Homa Bay. Ile ya 2019 ilipata 1,116,436 Migori na 1,131,950 Homa Bay. Anayeandika "Migori ina watu 917,170" bila mwaka hajadanganya wala hajasema kweli. Andika idadi, mwaka wa sensa, kisha tanbihi inayotaja Shirika la Taifa la Takwimu na juzuu la ripoti. Ukifanya hivyo, atakayekuja baada ya sensa ijayo atajua la kubadilisha.

Hata sayansi huchakaa. Fuvu maarufu la nyani wa kale alilolipata Mary Leakey huko Rusinga mwaka 1948 limeitwa Proconsul katika vitabu vingi, na mwanafunzi akilitaja hivyo kwa kufuata kitabu cha zamani hana kosa la uvivu. Lakini mwaka 2015 wataalamu walilihamishia katika jenasi mpya, Ekembo. Makala mazuri yatataja majina yote mawili, na kila jina na chanzo chake.

Simbi Nyaima na tatizo la masimulizi

Sasa tufike kwenye jambo ambalo, kwa maoni yangu, ndilo gumu kuliko yote. Karibu na Kendu Bay kuna ziwa dogo la mviringo liitwalo Simbi Nyaima. Kila mtoto wa pande hizo amesikia kisa chake: kijiji kilikuwa katika sherehe, ajuza mgeni akaja akiomba hifadhi, akafukuzwa, mvua ikanyesha na kijiji chote kikazama. Kuna wanaosimulia kwamba mwanamke mmoja alimhurumia ajuza na akaokoka. Wanajiolojia, kwa upande wao, hulieleza ziwa hilo kuwa ni la kreta, lililotokana na volkano.

Kwanza, usiviche vyanzo hivi viwili vikaonekana kama kimoja. Makala yanayosema "ziwa hili lilitokea baada ya ajuza kulaani kijiji" yamegeuza ngano kuwa jiolojia. Makala yanayotaja volkano pekee na kuitupa ngano nje yamepoteza sababu ya watu kulifahamu ziwa lenyewe, na jina lake pia. Sentensi mbili zatosha, moja ikianza na "kwa mujibu wa masimulizi ya Waluo", nyingine ikimtaja mwanajiolojia. Kama kisa hicho ni kisasili au ngano ya usuli, mtabishana darasani. Kwenye ensaiklopidia mfuateni mwandishi aliyekwisha kukiainisha katika chapisho.

Tatizo ni hili: toleo bora la kisa hicho pengine analo bibi fulani huko Karachuonyo, wala si kitabu. Silabasi yetu ya fasihi simulizi inamfundisha mwanafunzi kwenda nyanjani, kuhoji, kurekodi, kuandika jina la fanani, mahali na tarehe. Kisha anafika Wikipedia na kuambiwa kwamba mahojiano yake hayakubaliki, kwa kuwa hayajachapishwa mahali ambapo mtu mwingine aweza kuyachunguza. Ni haki aone uchungu. Kanuni iliyotungwa na watu wenye maktaba kila mtaa huwalemea zaidi watu ambao maktaba yao ni wazee.

Hatukuwa wa kwanza kuliona hili. Mwaka 2011 mradi ulioitwa People are Knowledge, ukiongozwa na Achal Prabhala, ulijaribu nchini India na Afrika Kusini kurekodi mahojiano na kuyatumia kama tanbihi katika makala ya Wikipedia. Ulizua mabishano makali. Wapinzani waliuliza: nani atathibitisha kwamba msemaji yupo, na kwamba alisema hivyo? Swali hilo si la dharau. Ni lile lile la msemaji na msemewa.

Rai yangu ni kwamba kanuni ibaki, nasi tuongeze kazi. Bibi wa Karachuonyo akikubali, na akielezwa wazi maneno yake yatakwenda wapi, arekodiwe. Nakala ipelekwe kwenye hifadhi ya chuo kikuu au ya makumbusho ambako wengine watairejelea. Mwalimu aandike makala na kuyachapisha katika jarida linalohaririwa. Hapo ndipo kisa chake kitakapoweza kutajwa na yeyote. Ni safari ndefu, nakiri. Wakati huo huo tutumie kilichopo: B. A. Ogot alichapisha History of the Southern Luo mwaka 1967 akitegemea kwa kiasi kikubwa masimulizi ya wazee. Maneno ya babu zetu yamo humo, pamoja na kurasa za kutajia.

Namna ya kuandika tanbihi yenyewe

Hapa sitakawia, maana ufundi wake hujifunzwa kwa siku moja. Ndani ya ukurasa wa kuhariri kuna alama ya ref ya kufungua na nyingine ya kufunga. Kati yake andika jina la mwandishi, jina la kitabu, mchapishaji, mahali, mwaka na ukurasa. Kwa gazeti ongeza tarehe kamili. Kwa ukurasa wa mtandao ongeza siku uliyousoma, kwa sababu kurasa za mtandao hutoweka. Iweke tanbihi mara tu baada ya dai, usingoje mwisho wa aya. Taja kitabu ulichokishika mkononi. Kama umeyasoma maneno ya Ogot ndani ya kitabu cha mtu mwingine, mtaje huyo mwingine na useme amemnukuu Ogot.

Usiitaje Wikipedia ndani ya Wikipedia. Ukitafsiri makala kutoka Kiingereza, usinakili tanbihi zake kwa kufumba macho. Fungua angalau zile unazoweza kuzifungua. Jihadhari pia na mzunguko: mwandishi wa gazeti huchota kosa kutoka Wikipedia, kisha mtu huja kulitaja gazeti lile kuwa ushahidi wa kosa lile. Ukiona sentensi ya gazeti inafanana neno kwa neno na ya ensaiklopidia, tazama ipi ilitangulia.

Siku hizi kuna hatari mpya. Programu za akili unde, ukiziomba vyanzo kuhusu boma la Thimlich, zaweza kukutajia kitabu chenye mwandishi, mwaka na ukurasa, kumbe hakuna kitabu kama hicho duniani. Usitaje chochote ambacho hukukiona kwa macho yako.

Kazi yako ikifutwa, usirudishe kwa hasira. Kila makala yana ukurasa wake wa majadiliano. Uliza pale, kwa adabu, ni dai gani limekosa chanzo. Kwa darasa linaloanza ningependekeza msianzishe makala mapya kwanza. Tafuteni makala yaliyopo kuhusu Migori, Homa Bay, Rusinga au Ndhiwa, yale mafupi ambayo Wikipedia yetu huyaita mbegu. Chagueni sentensi moja isiyo na tanbihi. Mwanafunzi mmoja atafute kitabu maktabani, mwingine asome ukurasa husika kwa sauti, wa tatu alinganishe neno kwa neno na sentensi iliyoko. Ikilingana, iwekewe tanbihi. Isipolingana, irekebishwe kisha iwekewe tanbihi. Kipindi kimoja cha dakika arobaini kinatosha kwa sentensi moja au mbili.